Sauti Iliyosema Vuka

Siku Nassib alipoleta posa kwetu Kabungu, zilikuwa zimepita siku mbili tangu nijue kwamba alinidanganya. Sikuwa nimemwambia mtu. Mama alichinjisha kuku wawili kwa jirani Mwislamu, akaazima na viti kwake, akafua kitambaa cha meza ambacho hakikuwahi kutoka sandukuni tangu msiba wa baba. Kwa miaka miwili mama huyu huyu alikuwa akisema mtoto wake hataolewa na Mwislamu yeye akiwa bado anapumua. Sasa alikuwa akipuliza moto jikoni macho yamemtoka machozi ya moshi, akiniuliza kama wageni wa mjini wanakula pilipili.

"Wanakula, mama," nilisema.

"Na wewe mbona umenyong'onyea? Si ndicho ulichokuwa unakitaka?"

Nikainamia mchele nikaendelea kuchambua.

Mwaka ule wa 1998 nilikuwa karani wa simu ya upepo pale misheni, Mpanda mjini. Kazi yangu ilikuwa kuongea na rubani wa ndege ndogo iliyopeleka dawa Mwese na Sibwesa na kurudi na wagonjwa. Nilimwambia kama mawingu yameshuka, kama ng'ombe wameondolewa uwanjani. Nassib alikuwa amekuja hapo miaka miwili nyuma kutengeneza jenereta. Alikuwa mtoto wa Mzee Mikidadi mwenye duka la vitambaa sokoni, lakini duka halikumwingia akilini hata kidogo. Alipenda redio na mashine. Alipomaliza jenereta alipata sababu ya kurudi kuiangalia, kisha sababu nyingine, mpaka Natalia, mchapaji wetu, akaniuliza kama jenereta ile ina homa.

Halafu shirika la ndege likatuletea kompyuta kuukuu iliyokuwa na mchezo wa kuendesha ndege. Rubani alisema anayetaka kujifunza ajifunze. Kupaa hakukutusumbua sana. Kilichotushinda kilikuwa ardhini. Uwanja mkubwa una njia nyingi zinazokatana, kila moja ina herufi yake, na ndege inatambaa humo kutoka maegesho hadi kwenye barabara ya kurukia. Rubani haendi popote mpaka mwongozaji aliye mnarani amwambie pita hapa, simama pale. Mchezo wetu haukuwa na mwongozaji. Tukaamua kuwa waongozaji wenyewe. Mmoja alikaa kwenye kompyuta amevaa hedifoni, mwingine alikaa chumba cha pili, kwenye meza iliyotazamana na ya Natalia, na ramani ya uwanja na redio ya mkononi.

Kila jioni, Natalia akishaondoka, kuanzia saa kumi hadi jenereta izimwe, sauti ya Nassib ilikuwa masikioni mwangu.

"Toka maegesho, shika Alfa. Kunja kushoto, Bravo. Taratibu, Kandi, una haraka ya wapi? Simama kabla ya Charli."

Mazungumzo yenyewe ya redio tulijifunza kwa Kiingereza, kama marubani wanavyosema. Kusimama ni holdi, kuvuka ni kros. Kila neno aliloniambia nililirudia, ili ajue nimesikia. Nilipofika mwisho bila kosa alikuwa akishusha sauti na kusema, "Umefika salama. Zima injini, njoo tunywe chai." Nilikuwa na miaka ishirini na mbili. Sikuwahi kuambiwa na mtu yeyote kwamba nimefika salama.

Mwezi wa tano ikaja habari kwamba shirika lina nafasi moja ya kumsomesha urubani mtu wa Mpanda. Tulioomba na kubaki kwenye orodha tulikuwa wawili, mimi na Nassib. Alicheka akasema yeyote atakayepata, nyumba ni moja. Nikaamini.

Aliyekuja kutupima alikuwa Kapteni Gaspar kutoka Dar, mzee mwenye mvi na maneno machache. Alimwandikia mwongozaji karatasi yenye dakika ambazo ndege nyingine zinatua, karatasi ambayo rubani haioni, kisha akasimama nyuma ya kiti cha rubani na saa yake. Nassib alianza. Nilimwongoza mimi. Nilimsimamisha mara mbili, nikamvusha mara mbili, akafika bila doa. Tukabadilishana.

Nilipokaribia barabara ya kurukia, pale Charli, sauti yake ikaniambia kros. Nikarudia, kros, nikasukuma ndege mbele. Kapteni Gaspar akaweka kiganja chake juu ya kioo cha kompyuta.

"Hapo mmekufa," alisema. "Ndege inatua muda huu huu. Watu kumi na wawili." Akamwita Nassib. "Ulimwambia avuke?"

Nassib alisimama mlangoni na karatasi mkononi. Alinitazama, akamtazama Kapteni.

"Nilimwambia holdi, mzee. Akajibu kros. Nikamwambia tena holdi, lakini alikuwa ameshaondoka."

Kapteni akanigeukia. Hakuwa mkali. "Binti, hili ni kosa la kawaida. Mtu husikia kile anachotaka kusikia. Lakini angani halisameheki."

Sikubisha. Ningembishia vipi Nassib? Niliamini kwamba ni masikio yangu.

Na yeye akaniacha niamini. Kwa wiki tatu. Nafasi ikawa yake, na Kapteni akabaki misheni hadi siku ya kuondoka naye kwa treni. Nilipolia, Nassib alinibembeleza. Alisema labda hedifoni zimeniharibu, akaninunulia dawa ya masikio kwenye duka la dawa la sokoni. Kila jioni kabla sijapanda baiskeli kurudi kwa shangazi yangu, niliyeishi naye mjini, alinilaza kichwa mapajani kwake, nyuma ya chumba cha jenereta, akanidondoshea matone matatu kila sikio, akanipapasa nywele.

"Yatapona," alikuwa akisema.

Aliyenifumbua macho ni Natalia, bila kukusudia. Alikuwa anapanga karatasi, mimi nikimsaidia, akaniuliza, "Mdogo wangu, hivi kwenye mambo ya ndege msalaba unakuwa wapi?"

"Msalaba gani, dada?"

"Siku ile ya mtihani wenu. Nassib alisema kros. Mimi kros najua ni msalaba, ndivyo masista wanavyouita. Nikashangaa, huyu Mwislamu leo anaitia msalaba ndege?"

Karatasi zikanitoka mkononi.

"Dada Natalia, una hakika hakusema holdi?"

"Holdi ulisema wewe, zamu yako. Yeye alisema kros, mara mbili. Nilikuwa namtazama usoni." Ndipo akaniona nilivyobadilika. "Kwani nimesema nini?"

Siku mbili baadaye, posa.

Walikuja kwa gari la kukodi, Nassib na shangazi yake, Bi Hadia, na wazee wawili wa mjini. Baba mdogo wangu Salvator aliwapokea uani. Bi Hadia alikuwa mama mpole, mwenye buibui jeusi na harufu ya udi. Alimkabidhi baba mdogo barua ya posa ndani ya kitambaa cheupe, akaweka na kanga mbili na mfuko wa sukari.

"Kaka yangu Mikidadi alikuwa mgumu, sitawaficha," alisema. "Lakini mtoto amepata nafasi ya urubani. Kaka amesema kama kweli amekuwa mtu mzima kiasi hicho, na amuoe anayemtaka, kila mtu na dini yake. Na sisi tumefurahi. Tunaomba binti yenu."

Mama akanitazama. Niliona jinsi alivyokuwa amejikaza, jinsi alivyokuwa tayari kusema ndiyo kwa sababu yangu tu.

"Naomba niongee kwanza na Nassib," nilisema. "Kidogo tu."

Wazee walicheka, wakadhani ni aibu za bibi harusi. Nilimwongoza hadi kwenye bani, banda la kukaushia tumbaku nyuma ya nyumba. Majani yalikuwa yamening'inizwa hadi juu, na ndani mlikuwa na joto. Nassib alikuwa amevaa shati jeupe la mikono mirefu. Alinyoosha mkono anishike shavu, nikarudi nyuma.

"Uliniambia nini pale Charli?" nilimuuliza.

"Charli gani tena, Kandi? Leo?"

"Leo. Ulisema holdi au ulisema kros?"

Alicheka kidogo, kisha akaacha. "Tumeshayaongea haya. Masikio yako..."

"Natalia alikuwa chumbani. Alisikia."

Kwa nje nilimsikia Bi Hadia akimsifia mama kuku. Nassib aliegemea mti wa bani, akakunja mikono, akaikunjua. Nilikuwa nimejiandaa kwamba atakataa. Nadhani ningependa akatae, nimkasirikie tu, basi.

"Nilikosea," alisema hatimaye. "Wallahi, Kandi, nilikosea. Nilisoma dakika vibaya, nikadhani ile ndege imeshatua. Sikukusudia."

"Najua hukukusudia kukosea."

"Halafu mzee akaniita. Nikaona nikisema ukweli nimekwisha. Mdomo ukatangulia, kabla sijafikiri."

"Mdomo siku ile. Na hizo wiki tatu?"

Akaanza kufungua kifungo cha mkono wa shati.

"Nassib, ulikuwa unanitia dawa. Nilikuwa nalala mapajani kwako unanitia dawa kwenye masikio mazima. Ulikuwa unawaza nini?"

"Nilikuwa nakuonea huruma."

"Mimi nilikuwa nikizuia pumzi usiku nisikilize kama nasikia saa ya ukutani. Simu ya upepo ikiita namwomba Natalia aje asikilize pamoja nami, nisije nikaua mgonjwa wa watu Mwese. Ulikuwa unaniona. Ukaniambia yatapona."

Alifuta uso kwa mkono wa shati. Aliponiangalia macho yake yalikuwa mekundu, na mimi, sijui niseme nini, bado nilitaka kumfuta.

"Sikiliza," alisema. "Baba ananiita mfua vyuma. Kaka zangu wote wana maduka, mimi nina bisibisi. Alisema nikirudi na kitu cha maana mkononi ndipo atakubali nikuoe bila kukubadilisha dini. Hii nafasi ndiyo imetuleta hapa leo. Bila hiyo shangazi asingekuwa ameketi uani kwenu. Nilifanya kwa ajili yetu."

"Kwa hiyo mmekuja kunioa kwa nafasi yangu mwenyewe."

"Usiseme hivyo."

"Nisemeje?"

Jani moja la tumbaku lilianguka begani kwake, akalitoa, akabaki analishika.

"Unataka nifanye nini?" aliuliza.

"Kamwambie Kapteni. Bado yuko misheni, na treni yenu ni kesho saa saba. Mwambie ulichosema kwenye redio, basi."

"Nikimwambia, atanifuta. Na wewe hana lazima ya kukuchukua. Tutakosa wote wawili."

"Basi tukose wote. Nitaolewa nawe hivyo hivyo na bisibisi yako. Nitabadilisha hata dini, mama anisamehe. Lakini sitalala kitanda kimoja na mtu aliyenifanya nijione kiziwi."

Alilidondosha lile jani. Kisha akanishika mikono yote miwili, na safari hii sikurudi nyuma.

"Kesho," alisema. "Saa mbili asubuhi, misheni. Nitamwambia mbele yako."

"Unaniahidi?"

"Nakuahidi, Kandi."

Nilimwamini. Nilirudi uani nikamwambia baba mdogo kwamba jibu langu watalipata kesho jioni. Bi Hadia akasema haina shida, mwanamke asiyefikiri ni wa kuogopwa. Barua na kanga zikabaki kwetu. Walipoondoka mama aliniuliza mara tatu kuna nini, na mara zote tatu nikamwambia hakuna kitu, nasubiri kesho.

Nilitoka Kabungu alfajiri na baiskeli ya baba mdogo. Njia ilikuwa kavu, na nilifika misheni saa mbili kasoro, vumbi hadi magotini. Natalia alikuwa ananisubiri getini, kwa sababu nilikuwa nimemwomba awepo. Nassib hakuwepo. Tukasubiri mpaka saa mbili na nusu. Kisha Kapteni Gaspar akatoka barazani na kikombe chake, akatuona, akaonekana kama mtu aliyekuwa akitutegemea.

"Shikamoo, Kapteni."

"Marahaba. Kama unamsubiri Nassib, alishakuja."

Moyo ulinipasuka kwa furaha. Nasema kweli, kwa muda wa pumzi moja nilifurahi kuliko siku zote za maisha yangu. Nilidhani ameona aibu kusema mbele yangu, akaja mapema akasema peke yake.

"Amekwambia?" nilimuuliza.

"Ameniambia." Aliweka kikombe kwenye ukuta wa baraza. "Alikuja saa kumi na mbili na nusu, nikiwa nanyoa ndevu. Alisema utakuja, na huyu dada mchapaji. Kwamba mmepanga maneno. Kwamba wazazi wake wamemkataza asikuoe kwa ajili ya dini, na wewe umeapa kumwangusha."

Natalia alianza kusema kitu, nikamshika mkono. Sikuwa na hasira. Hasira ilikuja baadaye. Wakati ule niliona tu bani, na mikono yake ilivyokuwa ya moto, na nikaelewa kwamba alipokuwa akinishika alikuwa ameshaanza kuyapanga.

"Kapteni," nilisema, "jana shangazi yake alikuwa kwetu na barua ya posa. Iko mezani kwa mama. Sitaki tubishane kwa barua. Naomba uwashe kompyuta, ukae wewe kwenye redio."

"Nafasi imeshakwenda, binti. Jina liko Dar."

"Najua."

Alinitazama, akamtazama Natalia. Kisha akatembea kwenda chumba cha jenereta kuiwasha mwenyewe.

Nilivaa hedifoni. Mwanzoni ndege iliyumba ilipotoka maegesho. Sauti ya Kapteni ilikuwa kavu, bila jina la mtu. Alinipitisha njia ambazo hatujawahi kupita, akabadilisha maelekezo katikati, akanitajia herufi mbili kwa haraka nikarudia zote mbili. Kwenye barabara ya kurukia akasema holdi. Nikasimama. Akanyamaza. Ilipita dakika moja, mbili, tano. Nilisikia saa ya ukutani chumba cha pili ikigonga, kila mpigo, wazi kabisa, na machozi yakaanza kunitoka bila kelele. Nilibaki nimesimama. Dakika ya saba akasema kros, nikarudia, nikavuka.

Alipoingia chumbani nilikuwa nimeshafuta uso.

"Masikio yako hayana kasoro," alisema.

"Ndiyo, mzee."

"Siwezi kumshusha mtu kwenye treni kwa neno moja ambalo wawili wanasema hivi na mmoja anasema vile. Unanielewa?"

"Sikuja kumshusha."

"Ulikuja kufanya nini?"

"Nilikuja kumsikia akisema."

Kapteni alichukua kalamu mfukoni, akaandika kitu kwenye daftari lake, na sikuona ni nini.

"Mwezi wa sita mwakani nitarudi tena hapa," alisema. "Njoo. Safari hiyo kwenye redio nitakaa mimi."

Natalia alitaka twende stesheni. Alisema tukamsemee mbele ya abiria wote wa Tabora, aende na aibu yake. Nilikataa. Nilijua nikimwona dirishani na shati lile jeupe ningeweza kumwuliza kwa nini, na angekuwa na jibu, na jibu lake lingekuwa zuri. Nikageuza baiskeli.

Nilifika nyumbani jua limeshapinda. Mama alikuwa ameketi kwenye kizingiti, hajaenda shambani. Barua, kanga na sukari vilikuwa pale pale mezani, hajavigusa. Nikakaa chini karibu na miguu yake nikamweleza yote, kuanzia mtihani, matone, Natalia, ahadi ya banini, mpaka asubuhi ile. Nilimweleza bila kuruka kitu. Nilipomaliza nikasubiri aseme kwamba alinionya. Alikuwa na haki. Miaka miwili alinionya, na nilimjibu vibaya mara nyingi kwa ajili ya mtu yule.

Mama aliinuka, akaingia ndani, akatoka na kitambaa cheupe. Akakifunga upya juu ya barua, akaweka kanga juu yake.

"Kesho mimi na Salvator tutavirudisha kwa Bi Hadia," alisema. "Yule mama hana kosa, tutamwambia kwa adabu."

"Nitaenda mwenyewe, mama."

"Basi tutaenda wote." Akanishika bega. "Umekula tangu asubuhi?"

Nilitikisa kichwa.

"Mwana wanje," alisema, yaani mwanangu, kwa Kirundi chake cha nyumbani, kama alivyoniita nilipokuwa mdogo. "Ingia ndani. Kuku wa jana amebaki."

Aliniwekea ugali na mapaja mawili aliyokuwa amewaficha wageni. Nikaanza kulia nikiwa natafuna, kilio kikubwa ambacho sikujua kilikuwa wapi siku zote tatu, na mama akavuta kigoda karibu, akanawa mikono, akaanza kunimegea mwenyewe, tonge baada ya tonge.